Likizo ya Agosti

Barabara ya kutoka Bungoma kwenda Kitale mwaka huo wa 2006 ilikuwa imeharibika kiasi cha kumfanya mtu aamini kwamba walioitengeneza walikuwa na kinyongo na viuno vya wenzao. Inspekta Khaemba, mpelelezi wa Bungoma, alifika Kitale saa nne asubuhi akiwa hoi. Wiki nzima hakuwa amelala. Agosti ilikuwa imeingia, na ulikuwa mwaka wa tohara. Vijana walipita barabarani wakipiga njuga tangu jioni hadi majogoo, na kukipambazuka tu dada yake alimpigia simu kuuliza habari za fahali. Mjomba ndiye anayemtolea fahali mpwa wake anayetahiriwa, na mjomba mwenyewe alikuwa yeye. Simu ya asubuhi hiyo aliikata kabla dada hajamaliza salamu.

Kilichomtoa Bungoma ni mifupa. Siku tisa kabla ya hapo, trekta la ushirika lilikuwa likilima visiki katika shamba la zamani la miwa, lile ambalo watu wa Kabuchai mpaka leo wanaliita kwa Kanji. Likafukua mtu. Daktari alisema ni mwanamume, amelazwa chali futi tatu chini, mikono imenyooshwa vizuri ubavuni. Mifupa ya vidole ilikuwa imepasuka kwa joto la moto. Chini ya mbavu palikuwa na kibati cha shaba chenye tundu juu, kimechongwa namba 214.

Kesho yake alikuja kituoni mwalimu wa shule ya chekechea aitwaye Nasimiyu, mama wa miaka hamsini na kitu, akasimama mbele ya meza ya Khaemba bila kukaa.

"Hiyo namba ni ya baba yangu, Mukhwana," alisema. "Mama amenitajia hiyo namba tangu niko mdogo. Walisema ati alichoma miwa ya Kanji akatorokea Uganda, mimi nikiwa na miaka miwili. Sasa mama yuko Lugulu, amelazwa. Daktari ametuambia tusihesabu wiki, tuhesabu siku. Haulizi dawa, afande. Anauliza kitu moja tu: huyu mzee alimwacha, ama hakumwacha?"

Mkubwa wa Khaemba hakuwa na muda na swali hilo. Mifupa ya kale haina mshtakiwa, alisema. Itazikwa Ijumaa katika makaburi ya manispaa pamoja na maiti wasio na wenyewe, na ushirika uendelee kulima. Leo ilikuwa Jumatano.

Mzee Sharif, aliyekuwa karani wa shamba, aliishi nyuma ya msikiti wa Kitale katika nyumba ya vyumba viwili yenye harufu ya iliki. Alikuwa mtu mwembamba, kanzu imepigwa pasi, kalamu mbili mfukoni ingawa hakuna aliyekuwa akimwandikisha chochote tangu mwaka wa 1966. Alimpokea mgeni kwa chai, akamwacha anywe nusu kikombe, kisha akavuta sanduku la bati kutoka chini ya kitanda.

"Walipofunga shamba waliniambia nizichome hizi daftari," alisema. "Nikawaambia sawa. Nikazileta nyumbani. Karani hachomi maandishi, mwanangu."

"Ulifika kwa Kanji mwaka gani, mzee?"

"Arubaini na tisa. Lakini shamba ni la tangu thelathini na nne. Kanji mwenyewe alianza na kinu cha kuzungushwa na maksai, akitengeneza sukari nguru. Watu wakimcheka. Baadaye akaleta injini ya dizeli, akajenga lile bomba la moshi, akapima vitalu kumi na vinne. Tulikuwa na watu mia tatu wakati wa mavuno. Wengine walikuwa wametoka huku Kitale, kwenye mashamba ya walowezi, kwa sababu kwa Kanji angalau sukari ya chai ilikuwa ya bure." Alicheka kidogo. "Alipokufa, wanawe hawakuitaka kazi ya matope. Sitini na sita wakafunga mlango. Miwa ikabaki kuota yenyewe, kila mtu akijikatia, mpaka ushirika ukaja."

"Kabuchai wananiambia Kanji alimpiga Mukhwana bastola. Wengine wanasema alimtia kwenye kinu."

"Wanasema." Mzee Sharif alivaa miwani. "Watu wakikaa bila habari wanajitengenezea. Agosti ile Kanji hakuwepo. Alikuwa Mombasa mwezi mzima akingoja mashine itolewe melini. Soma mwenyewe."

Khaemba alisoma. Mwandiko ulikuwa safi kuliko ripoti zote za kituo chake. Kanji kweli alikuwa ameondoka tarehe mbili na kurudi Septemba. Njia hiyo ikafungwa papo hapo, na Khaemba, aliyekuwa amepoteza siku tatu akiifuata, hakuwa hata na nguvu ya kukasirika. Akafunua kurasa mbili mbele, na hapo akakuta alichokuja kutafuta:

*Jumamosi 17 Agosti 1957. Kitalu cha tisa kimechomwa kabla ya siku yake. Namba 214 haonekani. Inaaminika amechoma na kutoroka. Nyapara Nyongesa hakuwepo, likizo ya siku tatu tangu asubuhi, tohara ya ndugu yake.*

Aliisoma mara moja, akanywa chai, akaisoma tena.

"Mzee, hii uliandika siku hiyo hiyo?"

"Hapana. Jumamosi ofisi imefungwa. Niliandika Jumanne. Nyapara Nyongesa alikuja akaniambia alikuwa nyumbani tangu Jumamosi, ndugu yake anatahiriwa, na akaniambia amesikia Mukhwana amefanya nini. Nikaandika."

"Na tohara uliiamini?"

"Kwa nini nisiiamini? Kila Agosti waliomba likizo ya tohara. Kila mwaka. Hamkosi ndugu nyinyi."

Khaemba alicheka bila kutaka, kicheko cha mtu aliyechoka. "Mzee Sharif, sisi tunatahiri mwaka mmoja, mwaka mwingine tunapumzika. Hamsini na sita, ndiyo. Hamsini na nane, ndiyo. Hamsini na saba hakuna mtoto wa Kibukusu aliyepigwa kisu."

Mzee alivua miwani. Alionekana kukokotoa jambo kichwani, miaka kumi na saba ya Agosti.

"Walinidanganya nusu ya miaka yote hiyo?"

"Mbukusu yeyote angejua. Wewe ulikuwa mtu wa mjini, na Kanji ni Mhindi. Ilikuwa likizo ya uhakika." Khaemba aliacha kucheka. "Lakini kibati kinanisumbua. Kilikuwa chini ya mbavu za marehemu. Mfanyakazi alikuwa akikivaa?"

"Siku za kawaida, ndiyo, shingoni kwa kamba. Siku za kuchoma, hapana." Mzee Sharif alizungumza polepole, kwa sauti ya mtu anayesoma sheria. "Miwa huchomwa kabla ya kukatwa ili majani yaondoke na nyoka wakimbie. Arubaini na nane waliungua watu wawili ndani. Tangu hapo Kanji akaweka ubao kwenye mlango wa kila kitalu. Anayeingia kusafisha njia ya moto anatundika kibati chake. Akitoka anakichukua. Nyapara hawashi kiberiti mpaka ubao uwe mtupu. Na ubao haushikwi na mtu ila mwenye kibati chake, au nyapara."

"Kwa hiyo aliyeungulia ndani, kibati chake kingebaki ubaoni."

"Lazima."

"Na hiki kimekutwa kaburini."

Mzee Sharif alilitazama daftari lake muda mrefu. Halafu akalifunga, akalisukuma kwa mpelelezi, na hakuomba hati ya kulipokea. Kwa karani, hilo lilikuwa jambo kubwa.

Saa tisa alasiri Khaemba alikuwa Kabuchai. Bomba la moshi la Kanji lilikuwa limebaki nusu. Watu walikuwa wamelibomoa kidogokidogo kujengea vyoo. Boma la Nyongesa lilipakana na shamba upande wa kitalu cha tisa, na siku hiyo lilikuwa limejaa shughuli. Mjukuu wake alikuwa anatahiriwa Jumamosi. Wanawake walikuwa wakikaanga unga wa pombe ya busaa juu ya bati kubwa, moshi ukiwatoa machozi. Mzee mwenyewe, miaka sabini na tisa, alikuwa amekaa kwenye kigoda akichambua wimbi la chachu lililoanikwa juu ya gunia.

"Mulembe, kuka," Khaemba alisalimu, akimwita babu kwa Kibukusu.

"Mulembe muno. Kaa. Wewe ni mtoto wa nani?"

Khaemba alijitambulisha kwa ukoo kwanza na kwa kazi baadaye, jinsi inavyotakiwa, akaketi kwenye jiwe na kuanza kumsaidia kuchambua. Mzee aliipenda heshima hiyo. Waliongea kuhusu busaa, kuhusu fahali walivyopanda bei, kuhusu vijana wa siku hizi wanaopelekwa hospitalini wakachomwa sindano ya ganzi.

"Wanaume gani hao," alisema Nyongesa. "Sisi tulisimama mtoni, matope kichwani, hakuna kupepesa jicho."

"Na ndugu zako, kuka? Wote walisimama?"

"Nilikuwa na ndugu moja tu. Huyo alisimama kama nguzo. Watu wanaongea yeye mpaka leo."

"Alitahiriwa lini?"

"Hamsini na nane. Mwisho wa rika lao."

"Si hamsini na saba?"

Mzee alimtazama kwa huruma. "Ati wewe ni Mbukusu kweli? Hamsini na saba nani alitahiri? Mimi ndiye nilimpaka matope huyo kijana. Hamsini na nane, bana."

Khaemba alipangusa makapi mikononi. Alitoa daftari kwenye mfuko wa karatasi, akalifungua magotini mwa mzee, na kwa kuwa macho ya mzee hayakuweza tena kusoma, akamsomea. Alisoma taratibu, tarehe kwa tarehe, mpaka neno la mwisho. Wanawake waliendelea kukaanga unga. Nyongesa hakuinua kichwa.

"Basi Agosti ya hamsini na saba ulikuwa wapi, kuka?"

Mkono wa mzee uliendelea kuchambua wimbi, punje moja moja, ukitenga nzuri na mbaya.

"Hiyo kitu Sharif bado anaweka?" aliuliza.

"Anaiweka. Na kibati kimepatikana. Nani alikitoa ubaoni?"

Mzee alitupa punje mbaya chini.

"Kuka, nikisikia nitaandika. Sikulazimishi. Lakini Nabwile yuko Lugulu, hatamaliza wiki hii, na anachouliza ni kama mume wake alimwacha."

Jina hilo ndilo lililomshinda. Nyongesa aliweka mikono juu ya gunia, viganja chini.

"Ilikuwa Jumamosi," alisema. "Jumamosi hakuna kazi. Kitalu ya tisa ilikuwa ichomwe Jumatatu, na mimi Jumatatu sikutaka kuwa hapa. Kulikuwa na msichana Kimilili. Nikaambia Mukhwana, nisaidie leo tusafishe njia ya moto, jioni nichome, tumalize. Alikubali. Alikuwa mtu wa kukubali. Saa kumi nikazunguka, nikapiga filimbi, nikaita. Hakuna mtu. Nikaenda kwa ubao, nikaona kibati yake. Moja tu."

"Na ukawasha."

"Alikuwa na tabia ya kusahau!" Sauti ilimpanda, wanawake wakageuka, akaishusha. "Mara tatu nimepelekea yeye kibati nyumbani. Mara tatu, afande. Unaacha kazi, unatembea mpaka kwake, unamkuta anakunywa uji, ati, loo, nimesahau. Nikasema ni ile tu. Nikatoa kibati, nikaweka mfukoni, nitampelekea. Nikawasha."

Khaemba alikuwa ameacha kuandika. Akajilazimisha, akaandika.

"Alikuwa wapi?"

"Alikuwa amelala ndani. Tulikuwa tumekata miwa siku tano mfululizo. Alikuwa amechoka, bana, si ni kuchoka tu. Asubuhi niliingia kuangalia kama imeungua vizuri, nikamkuta." Alisogeza punje kwa kidole. "Nilichimba peke yangu. Nilimnyoosha mikono. Ile kibati singerudisha kwa ubao, na singeenda nayo kwangu. Nikampatia mwenyewe. Halafu nikaenda Kimilili, kwa sababu singejua kwingine kwa kwenda. Hata huyo msichana sikumwona."

"Na ukamwambia Sharif Mukhwana alichoma akatoroka."

"Nilisema hivyo siku moja. Nilifikiri nitarekebisha. Kanji akarudi na mashine yake, kazi ikaanza, siku zikaenda." Alimtazama mpelelezi kwa mara ya kwanza. "Utanifunga?"

Khaemba hakujua. Kuua bila kukusudia, miaka arubaini na tisa iliyopita, mtuhumiwa akikaribia themanini. Mwendesha mashtaka angelitazama faili hilo na kutafuta lingine. Hasira aliyokuwa akiitarajia haikuja. Alihisi uchovu tu, na huruma ambayo hakuitaka.

"Kesho utakuja kituoni kuandikisha, na mwanao mmoja akusindikize," alisema. "Leo tunaenda Lugulu. Mimi sitamwambia yule mama. Utamwambia wewe."

Walifika hospitali ya misheni saa kumi na moja, saa ya kuona wagonjwa. Nabwile alikuwa kitanda cha dirishani, mwili umebaki kidogo sana chini ya blanketi, lakini macho yalikuwa macho ya mtu anayesikiliza. Nasimiyu alikuwa akimlisha uji kwa kijiko. Alipomwona Nyongesa alisimama kumpisha kiti kwa furaha, kwa sababu mzee huyu, kila Krismasi tangu Nasimiyu alipokuwa mtoto, aliwaletea nyama.

"Mama, mzee Nyongesa amekuja kukuona."

"Nyongesa," alisema Nabwile. "Umezeeka."

Nyongesa hakuketi. Alivua kofia, akasema yote akiwa amesimama: Jumamosi, filimbi, kibati, kiberiti. Hakujitetea kwa habari ya usahaulifu. Khaemba, aliyekuwa mlangoni, alimwona Nasimiyu akikiweka kijiko chini.

Nabwile alisikiliza hadi mwisho.

"Kwa hivyo hakuenda Uganda."

"Hapana."

"Hakukuwa na mwanamke."

"Hakukuwa. Alikuwa arudi kwako jioni hiyo."

"Uko wapi huo mahali?"

"Kitalu ya tisa. Katikati, karibu na mtaro."

Mama alifumba macho. Alipoyafumbua alikuwa akimtazama Nyongesa kwa mshangao zaidi ya chuki.

"Nilipalilia kitalu ya tisa," alisema. "Uliponiandika kibarua, mwaka uliofuata. Miaka nane nilipalilia hapo. Kila siku nikitukana huyo mwanamume ndani ya roho yangu, jembe mkononi. Vitalu vilikuwa kumi na nne, Nyongesa. Kwa nini uliniweka hapo?"

Mzee aliikunja kofia mikononi.

"Nilisema angalau akae na mtu wake."

Nasimiyu alitoa sauti, akaizuia kwa kiganja. Lakini mama yake hakuzuia yake. Alijiinua kwenye mto kwa nguvu ambazo hakuna aliyejua anazo, akafungua kinywa na kulia. Kilikuwa kilio cha mjane, kile kirefu kinachotolewa uani alfajiri ili majirani wote wajue, chenye jina la marehemu na jina la baba yake na la babu yake, kilio ambacho hakuwahi kuruhusiwa kumlilia mtu aliyesemekana yu hai Uganda. Wagonjwa wa vitanda vingine waliinuka. Nyongesa alipiga magoti pale sakafuni, kofia kifuani.

Muuguzi alikuja mbio kwenye korido, viatu vikipiga kelele. Khaemba alisimama mlangoni akaziba njia.

"Nini? Nani amekufa?"

"Mume wake."

Muuguzi alichungulia juu ya bega lake, akaona kitanda, akaona mama akilia na binti akimkumbatia. Uso ukamlegea.

"Pole sana. Amekufa lini?"

Khaemba alifikiria daftari lililokuwa ndani ya gari, tarehe iliyoandikwa kwa mwandiko safi, na akaona haina kazi hapo.

"Amemfia sasa hivi," alisema. "Mwache alie."